Mpaka Uliokatiza Chumba cha Kushonea

Tangu siku karani wa mahakama alipomkabidhi ripoti ya mpimaji, Mama Sindano hakutulia. Akiketi, anainuka; akiinuka, anasahau alichoinukia. Mikono ya gauni la bibi harusi aliishona yote miwili ya kushoto, akaifumua, akaishona tena yote ya kulia.

Jina hilo alipewa na wateja. Alikuwa fundi cherehani, mjane, na kwa miaka ishirini na sita aliwavalisha watu wa mtaa ule akiwa katika chumba kimoja ubavuni mwa nyumba yake. Sasa jirani yake, dereva mstaafu wa malori, alidai chumba hicho kimeingia kwenye kiwanja chake. Walirushiana maneno mpaka wakafikishana mahakamani. Hakimu, ili kukata mzizi wa fitina, aliteua mpimaji aende akapime. Mpimaji alifika siku ambayo Mama Sindano alikuwa hospitali na goti lake, akapima, akaenda zake. Katika mchoro wake, mstari mwekundu ulipita katikati ya chumba, pale pale penye cherehani.

"Dada, tulia," kaka yake alimwambia. "Huyo ni mtaalamu wa mahakama. Wewe na tepu yako ya kupimia viuno utambishia nini?"

"Nitambishia hesabu."

Maana ripoti aliisoma hadi mikunjo ikaanza kuchanika. Kiwanja chake: mita kumi na tatu na sentimita tisini. Cha jirani: kumi na nne na themanini. Jumla: thelathini. Alijumlisha kwa chaki juu ya meza ya kukatia, akafuta, akajumlisha tena. Kila mara alipata pungufu ya mita moja na sentimita thelathini.

"Mteja akiniletea kitambaa nikamrudishia kimepungua hivi," alimwambia kaka yake, "si ataniita mwizi?"

Zilikuwa zimebaki siku mbili muda wa pingamizi uishe. Alichechemea hadi mahakamani, akaandikisha pingamizi lake, akarudi nyumbani. Usingizi ukampaa.

Siku ya kesi mpimaji alisimama kizimbani, kalamu tatu mfukoni. Mama Sindano aliruhusiwa kumuuliza maswali.

"Ulianza kupima kutoka wapi?"

"Upande wa mbali wa kiwanja cha jirani yako."

"Kwenye jiwe la mpaka, au kwenye ukuta wake?"

Mpimaji alipekua karatasi. "Ukutani. Jiwe sikuliona."

"Nje ya ukuta ule kuna kichochoro. Cha nani?"

"Hilo sikuuliza." Dereva akainamia viatu vyake.

"Na hiyo thelathini?"

"Niliitoa kwenye ramani ya zamani."

Hakimu alivua miwani. "Yaani hukuipima?"

"Hapana, mheshimiwa."

Ripoti ikawekwa kando. Hakimu akaamuru upimaji urudiwe na mtu mwingine, pande zote mbili zikiwepo.

Wiki tatu za kungoja zilimtesa kuliko kesi yenyewe. Gari likisimama nje, anachungulia dirishani. Je, kama jiwe halipo? Kama limeng'olewa zamani?

Mpimaji wa pili, mwanamke asiye na maneno mengi, aliomba tangi la maji lililokuwa kichochoroni lisogezwe. Chini yake, baada ya kuchimba kidogo, jembe likagonga kitu kigumu. Jiwe la mpaka, mita moja na sentimita thelathini kutoka ukuta wa dereva. Alianzia hapo, na mstari ukatua nje ya chumba cha kushonea, shubiri moja tu kutoka ukutani.

"Lakini paa lako, mama, limezidi," alisema. "Mabati yamevuka kwa jirani. Yatakatwa."

"Yakatwe hata leo!"

Dereva alikuwa amesimama kando ya shimo, mikono nyuma.

"Kichochoro kile nilikiacha mwenyewe nilipojenga," alisema taratibu. "Nilikuwa nimesahau kabisa, jirani."

Mama Sindano alitaka kumwamini, akashindwa. Alitaka kumtukana, akashindwa vilevile. "Ulitaka kunivunjia chumba," alimwambia, akaingia ndani.

Hakimu aliipokea ripoti ya pili, na chumba kikabaki chake. Mabati yalikatwa wiki hiyo hiyo. Mvua ya kwanza ilipiga ukuta hadi ukalowa, naye akahamisha majora ya vitambaa upande wa pili, akanung'unika, akaendelea kushona.