Zamu Ambayo Rafiki Yangu Hakuimaliza

Nilikuwa nasahihisha madaftari shuleni Ziwani simu iliponiletea maneno machache kutoka kwa mpwa wa rafiki yangu: "Mwalimu, mjomba katutoka mchana huu. Tunazika Mahurunga kesho." Alikutwa kitini nyumbani kwake Rahaleo, Mtwara mjini, baada ya sala ya adhuhuri, miwani puani, kompyuta ikiwaka mbele yake. Wasomaji wangu wa siku nyingi wanajua sina desturi ya kuwasifia marehemu kuliko walivyostahili. Huyu nilimpenda, na bado namkasirikia.

Alikuwa mchora ramani wa serikali, mtu wa kukuambia kwa macho tu kwamba uzio wa jirani umesogea. Alipostaafu alishikwa na ugonjwa mmoja: mchezo wa vita wa kompyuta, wa zamani, wa enzi za vioo vizito vyenye mgongo. Ramani yake imegawanywa vipande vya pembe sita, hiki msitu, hiki maji. Unasogeza vikosi vyako, unabonyeza kitufe cha kumaliza zamu, ndipo adui naye anasogea. Usipobonyeza, adui hafanyi kitu, hata ukae mwaka. Tulicheza kwa kupelekeana flashi; mimi naileta Jumamosi nikija mjini, yeye anakaa nayo wiki mbili, tatu. Nikimharakisha ananicheka: "Mwalimu, nyie watu wa bara mna pupa. Kawia ufike, bwana. Ukishabonyeza umempa adui ruhusa." Na alinishinda karibu kila mara, maana sijapata kumwona mtu anayefikiri kwa kirefu kama yeye.

Mchezo ule unakuruhusu kuchora ramani yako mwenyewe. Yeye alichora mdomo wa Ruvuma, mikoko yake, mashamba ya mihogo na mikorosho, na ukingoni mwa mto kipande kimoja chenye alama ya nyumba. Ilikuwa nyumba ya dada yake, Mahurunga. Kila masika yakiisha aliifungua ramani hiyo na kugeuza vipande kadhaa vya nchi kavu kuwa maji. Mwanzoni nilidhani anajifurahisha tu.

Mwaka jana alinichukua twende. Dada yake ni mjane anayelea wajukuu watatu. Kabla hatujakaa kula, rafiki yangu alizunguka nyuma ya jiko na kuhesabu hatua hadi ukingoni: ishirini na mbili. Mikorosho miwili ilikuwa imelala mtoni, mizizi juu. Kule mlimani wapwa zake walikuwa wameshapanga matofali ya nyumba mpya, na majani yameota juu yake. Nikauliza kwa nini hawajengi. Nikaelezwa kwamba kwao nyumba ya dada haihamishwi mpaka kaka yake, mjomba wa watoto, aje aseme kwa kinywa chake mbele ya ukoo. Watoto kumhamisha mama yao wakati mjomba yu hai na hajasema ni sawa na kumzika mjomba huyo.

"Kaka, unapima kila mwaka," dada alimwambia huku akimnawisha mikono. "Utasema lini?"

"Mto hurudi, dada yangu. Nikikutoa hapa, shamba la mama nani atalishika? Acha niutazame mwakani."

Nilisikia, nikainamia sahani yangu. Mambo ya ukoo yana wenyewe, nikajiambia, mimi mgeni.

Nimewaona wengi wa namna yake maofisini, na mimi mwenyewe nimo. Barua ya kuomba paa la darasa hukaa mezani kwa sababu asiyetia saini hajakosea. Hatari tumeipima, tumeichora, tumeipaka na rangi, kisha tunajisikia kama watu waliokwisha kufanya jambo. Rafiki yangu aliujua mto ule kuliko mtu yeyote Mtwara. Ujuzi wote huo aliuweka ndani ya kioo, mahali ambapo adui hungoja.

Tulimzika mbali kidogo na maji, mahali ambapo yeye mwenyewe, nadhani, angepapaka rangi ya mto baada ya miaka michache. Kisha nikaenda nyuma ya jiko nikahesabu. Tisa. Chini yangu udongo ulikuwa ukimeguka na kudondoka majini, kidogo kidogo. Mdogo wa marehemu, ambaye sasa ndiye mjomba, yuko kazini mkoa wa mbali. Alisema kwa simu atakuja arobaini, tukae tulizungumze. Wapwa wakaitikia kwa vichwa. Hapo ndipo mimi mgeni nikafungua mdomo: "Dada, msingoje arobaini. Ondokeni kabla ya mvua."

Alinitazama bila hasira. "Maneno hayo, mwalimu, ungemwambia yeye. Wewe angekusikia."

Mpwa mkubwa akanipa flashi iliyokutwa kwenye kompyuta, akisema hii ni yenu wawili. Jana niliifungua. Vipande vya maji vimefika hadi pale nyumba ilipokuwa. Lakini alama ya nyumba haikuwa ukingoni tena. Alikuwa ameiondoa akaiweka mlimani, penye matofali, na kitufe cha kumaliza zamu hakijabonyezwa. Alikuwa ameshaamua, na alichobakiza ni kusema tu.

Kesho nabeba kompyuta yangu niipeleke Mahurunga, niwaonyeshe wote, mdogo wake akisikiliza kwa simu. Sijui kama ukoo utakubali alama ya kwenye kioo iwe kinywa cha mjomba. Mvua imeanza tangu alfajiri na haijakatika. Wewe unayesoma, kama kuna neno umelishika na kuna mtu amekaa ukingoni akilingojea, liseme leo. Mimi nililishika mwaka mzima, na mto umekula hatua kumi na tatu.