Siku Niliyoongea na Redio Mbele ya Kamera

Tulirudi Koboko kutoka uhamishoni Kongo mikono mitupu, kwa hiyo msinicheke nikisema nilipenda vitu. Nilivipenda kupita kiasi. Nilifyatua matofali hadi nikanunua redio ya kaseti kule mpakani Vurra, na tangu siku hiyo sikwenda popote bila redio yangu.

Ndipo akaja mwanamke kutoka Kampala na kamera begani, anatengeneza filamu juu ya pesa na tamaa yetu ya kununua. Filamu ya ajabu hiyo, haina maswali wala hadithi. Unasimama sokoni, unashika kitu ulichonunua, unaongea nacho kama mtu. Mama mmoja aliisuta sufuria yake mpaka tukashika mbavu. Mimi nilisogea mbele kwa furaha, naona zamu yangu haifiki.

Sasa jambo moja mlijue. Binti niliyemtaka aliuza sabuni palepale sokoni, na baba yake alikuwa amenikataa mara mbili. "Huyu iko mutu ya vitu tu," alisema. "Aoe redio."

Kamera ikaanza kunguruma. Nikainua redio juu, nikaiambia kwa sauti ya kuhutubia, "Wewe ndiyo mali yangu!"

Loo, ulimi hauna mfupa. Katika Kiswahili cha shule, mali ni chochote ulicho nacho. Kwetu, kijana akiinua kitu mbele ya watu na kukiita mali, ametaja mahari. Soko zima likanigeukia. Mara yule mzee, baba wa binti, akatokea upande wa wachinjaji, anahema.

"Nimeambiwa umetaja mali," akasema. "Iko ya binti yangu?"

Nikikana, nimemwaibisha binti mbele ya watu na sitampata tena. Nikikubali, redio imekwenda. Mwanamke wa kamera akaninong'oneza kwamba mkanda unakaribia kwisha. Nikatazama redio, nikatazama meza ya sabuni.

"Ni ya binti yako, mzee."

Akaipokea kwa mikono miwili. Vigelegele vikapigwa, nami nikaruka huku nalia, sijui nalilia nini.

Filamu yenyewe hatukuiona kamwe. Tulipokwisha kupata watoto wanne, nikakiri kwa mke wangu kwamba siku ile nilikosea neno tu.

Aliendelea kumenya mihogo.

"Nilijua," akasema. "Unafikiri nani alikimbia kumwita baba?"