Sato Mwenye Watoto Mdomoni

Harufu ya ukoko wa ugali hunirudisha hadi leo kwenye bwawa moja la kuvulia samaki, si mbali na mtaa wetu wa Sanyuanli, ugenini kwa Wachina. Mama aliukanda ukoko ule uwe chambo, na wavuvi wa pale, wenye vyambo vya dukani vinavyonukia kama pipi, wakamcheka waziwazi.

Mama, mzaliwa wa Mwanza, alikuwa mfanyabiashara wa nguo, na sauti yake iliwanyamazisha hata malaoban, mabosi wa Kichina wa maduka ya jumla. Jumapili ile tulikuwa na shangazi, dada yake baba, aliyekuja kununua mzigo. Kesho yake alikuwa anarudi nyumbani, nami nilijua anataka kunichukua nikalelewe kwa bibi. Wenzangu wengi walishapelekwa kwa bibi zao.

"Wifi, mtoto hakulii kwenye marobota ya nguo," alisema njia nzima.

Mama aliongeza mwendo tu. Msinicheke, nilimng'ang'ania nguo.

Ukingoni mama alinionyesha mashimo ya mviringo chini ya maji, mapana kama sahani.

"Sato dume ndiye huchimba. Jike hutaga humo, kisha huyabeba mayai mdomoni."

Nilidhani ananitania. Mara uzi ukakaza, akavuta sato mnene, wa kwanza kuvuliwa siku hiyo. Waliomcheka wakasogea kutazama. Ndoana ilikuwa imenasa kwenye pezi. Ukoko wenyewe haukuguswa, maana sato anayelea watoto hali chakula. Alipotiwa kwenye ndoo ya maji, vifaranga wakamiminika kutoka mdomoni mwake. Nilishangilia utadhani nimewazaa mimi.

Mama akaiinamisha ndoo, akamrudisha bwawani pamoja na wanawe.

"Wifi! Kitoweo hicho!"

"Huyu ana watoto, wifi. Anatembea nao."

Mzee mmoja wa Kichina akainuka, akampa mama kigoda chake. Nilivimba kichwa siku nzima.

Shangazi aliondoka peke yake. Kwa miaka mingi nilisimulia kisa hiki kama cha uvuvi, nikijivunia mama aliyewapiku wanaume kwa ukoko. Nilipopata binti, na watu wakaanza kuniuliza nitampeleka lini kwa bibi yake, ndipo nilipoelewa shangazi alijibiwa nini. Sasa hivi binti yangu amelala nyuma ya meza ya duka langu, juu ya robota la jinzi. Anayeniuliza, mimi humwambia: natembea naye.