Siku Mtaa Ulipompisha Bwana Mipango

Jamani, Bwana Mipango amefariki. Mnaonisoma hapa kila wiki mnanijua, mimi shule sikuiona hata dirisha lake, nasema kwenye simu na wa gazetini wanaandika, kwa hiyo leo wakiandika kicheko katikati ya msiba msishangae. Nimelia, tena nimelia vizuri tu, kanga ikalowa. Halafu nikacheka mpaka shoga yangu akanifinya paja pale kwenye mkeka wa matanga, "Wewe, watu wanatuangalia." Sasa nifanyeje? Marehemu alikuwa mtu wa ofisi ya mipango miji, kazaliwa hapa hapa mtaani kwetu Kariakoo, kwenye nyumba ya baba yake yenye baraza, imebanwa na maghorofa kulia na kushoto, nyuma ndiyo kabisa hapapitiki. Na huyu mtu kwa miaka yote hiyo alitaka kitu kimoja tu: katikati ya mtaa wetu paachwe wazi, gari la zimamoto liweze kupita. Sisi tukamnyima.

Maana mtaa wetu mnaujua. Maduka yako chini ya maghorofa, mbele ya maduka kuna machinga na meza zao, mbele ya meza kuna waliotandika turubai chini, mbele ya turubai yuko anayeuza mkononi, na mbele ya huyo niko mimi na jiko langu la vitumbua. Mteja anapita kiubavu kama kaa. Bwana Mipango alikuwa anakuja asubuhi kabla hajaenda ofisini, anakaa juu ya ndoo yangu, anaanza na ile sauti yake ya kupima kila neno kama anapima kiwanja: "Shikamoo Bi Mkubwa. Hivi hili ghorofa likishika moto, zimamoto watapita wapi?" Namjibu, "Marahaba mwanangu. Watapita juu, si wana ngazi?" "Na hiyo ngazi wataisimamisha wapi?" "Hapo kwa muuza soksi, ana nafasi." Muuza soksi anadakia, "Bibi usinichome, mimi mwenyewe hapa nimesimama kwa mguu mmoja." Tunacheka wote, na yeye anacheka. Kisha anainua macho kwenye madirisha ya juu, kule nguo za watoto zimeanikwa, anasema taratibu, "Kuna watu wanalala huko, Bi Mkubwa." Hapo kicheko kinakatika, nampa kitumbua kingine.

Siku moja akaja na vijana wa ofisini kwake, wamevaa kofia ngumu, wakapiga mistari miwili ya rangi nyeupe kutoka kona hii mpaka kona ile. Maana yake meza zikae nje ya mistari, ndani pawe njia. Kwenye ramani ilipendeza, usiseme. Ila mtoto wa Kariakoo mzima alisahau jambo ambalo kila mtu hapa analijua: serikali ikichora chini, inagawa. Rangi haijakauka, habari imeshafika Ilala na Buguruni kwamba nafasi zinatolewa. Alasiri watu wamejaa ndani ya mistari na mabeseni na mikeka, mwingine kaja na kuku kwenye tenga. Bwana Mipango karudi kukagua, kakutana na mama mmoja mgeni, kajifunga kibwebwe, anamkemea, "Baba, tafuta pengine, hapa tumewahi sisi." Akamwambia kwa upole, "Mama, hii mistari nimeichora mimi." Yule mama akamshika mkono kwa heshima zote. "Ndiyo wewe? Basi Mungu akuzidishie, baba. Nichoree na nafasi ya mdogo wangu, yuko njiani anakuja."

Nilicheka mpaka vitumbua vikaungua. Yeye alicheka machozi yakamtoka, lakini kesho yake alikuja mnyonge. Akaniambia, "Bi Mkubwa, nikileta mgambo wapindue meza, njia naipata leo hii. Lakini hawa watakula wapi?" Basi ndivyo alivyokuwa. Njia aliitaka kweli kweli, ila hakutaka kuipata kwa kumkanyaga mtu. Wengine wakamwona dhaifu. Mwenyekiti wa machinga, yule mwenye meza ya viatu, mwenye sauti kama spika iliyopasuka, alikuwa anamwambia mbele za watu, "Mzee, ramani yako nzuri, lakini haina watu." Na yeye anamjibu, "Na mtaa wako una watu, mwanangu, lakini hauna njia." Wamebishana hivyo mpaka mmoja akastaafu, na meza hazijasogea hata kidole.

Sasa siku ya mazishi ikafika. Jeneza liko ndani, adhuhuri inakaribia, mjomba wa marehemu kasimama barazani anautazama ule msitu wa miavuli na meza. "Huyu tutampitisha wapi?" Lilikuwa swali lake mwenyewe marehemu, na leo anayetaka kupita ni yeye. Yule mwenyekiti akautazama mlango, akautazama mtaa, akavaa kofia yake. Halafu akaikamata meza yake na viatu vyote juu yake, akaiinua. "Inueni. Mzee anapita." Basi, neno ni hilo tu. Miavuli ikakunjwa, turubai zikakunjwa, soksi zikaingia kwenye gunia, meza zikapandishwa juu ya meza. Jeneza lilipotoka kila mtu anataka kubeba, Waislamu, Wakristo, vijana wa Mtwara, wapagazi wa mikokoteni, wanasukumana mabega. Nikamsikia muuza soksi anamwambia mwenzake, "Nipishe bwana, aliniambia nisogee kila siku, wacha leo nisogee naye."

Sisi wanawake, kwa desturi yetu, hatukwenda makaburini. Tukabaki. Nikageuka nikatazama, jamani, kumbe mtaa wetu mpana. Shoga yangu ananiuliza, "Hivi hii barabara ilikuwa hapa siku zote?" Tukashuka barazani, vikongwe watupu, tukatembea katikati kabisa, mikono tumeiachia, viuno tumeviachia. Upepo ukaja moja kwa moja kutoka upande wa bandari ukatupeperusha kanga, na juu madirishani watoto wakatupungia. Wanaume waliporudi wakaanza kupanga meza, mwenyekiti akasema, "Katikati paacheni mpaka arobaini, tumheshimu mzee." Nani atabishana na maiti? Pakaachwa.

Arobaini imesomwa wiki iliyopita. Kulipokucha, kijana mmoja wa malapa akaanza kusukuma beseni lake kuja katikati, kwa dole gumba la mguu, huku anaangalia pembeni kama si yeye. Nikakaza koo nyuma ya jiko, nikaiga sauti ya marehemu, nikapima neno moja moja: "Kijana, watapita wapi?" Akalivuta beseni haraka, "Samahani mzee." Ndipo akakumbuka mzee tumemzika, akageuka macho yamemtoka. Mtaa mzima tukavunjika mbavu. Mpaka leo nasema hivi, katikati bado pako wazi.

Lakini tusidanganyane. Njia ya mamia ya watu haiwezi kukaa kooni kwa kikongwe mmoja anayekohoa kila kusi ikivuma. Wenye kupanga miji wanadhani sisi hatupendi njia. Tunaipenda, tena sana, watoto wanaolala huko juu ni wajukuu zetu. Ila watu hawaipishi karatasi, wanampisha mtu. Na hawampishi mtu mpaka wamjue, naye awajue wanakula nini na wanakula wapi. Kosa letu ni kwamba tulimpisha akiwa amebebwa. Mtaani kwenu naye yupo wa namna hiyo, kashika ramani, mnamcheka. Mcheke tu, hata mimi nilicheka. Gombaneni naye, mwambieni shida zenu zote, akizisikia mkakubaliana, inueni meza yeye akiwa amesimama hapo, anaona.