Jamirah, fundi aliyekata zambarau bila saini saba

Saa mbili asubuhi, mtaa wa Malukhu, mjini Mbale, Uganda. Jamirah Faraj ameinamia kanzu nyeusi ya kasisi, akishona tundu la kifungo la kumi na nane kati ya thelathini na tisa. Macho yanamsumbua. Anasogeza kiti hadi mlangoni penye mwanga.

Kazi ya vifungo haikuwa yake. Kwa miaka kumi na mmoja ilikuwa ya Namono, msaidizi wake.

"Mimi nakata, yeye vifungo," anasema. "Sasa mimi yote."

Jamirah, mwenye umri wa miaka 61, ni Mwislamu, mjukuu wa askari wa asili ya Sudani. Babake aliwashonea makasisi wa kila dhehebu, naye akarithi cherehani na wateja. Majirani humtania kwa jina la Mama Askofu.

Hajawahi kuketi katika ibada ya kanisa, lakini anajua kila kanisa linaongozwaje, kwa sababu kila moja huagiza nguo kwa njia yake. Kanisa la askofu huleta barua yenye saini ya mtu mmoja na muhuri wa dayosisi. Kanisa la Namono, mtaa wa pili, halikuwa na askofu. Waumini walichagua wazee saba, na hao ndio waliomwajiri mchungaji. Hata kilipohitajika kitambaa cha meza, barua ilikuja na saini saba.

Babake alimwachia sharti moja: zambarau, rangi ya maaskofu, haikatwi bila barua.

Mwaka jana, wiki moja kabla ya Pasaka, Namono akiwa matangani kwa shangazi yake, mchungaji wa kanisa lake alifika na kitambaa cha zambarau na barua ya kuagiza shati. Jamirah aliisoma mara mbili. Muhuri wa kanisa ulikuwepo. Saini ilikuwa moja, ya mchungaji mwenyewe.

"Niliona. Siwezi kusema sikuona," anasema. "Lakini nikajiambia, mimi Mwislamu, nitamuuliza mchungaji mambo ya kanisa lake?"

Mwezi ule hakuwa na kazi nyingine. Kanzu zilizoshonwa tayari kutoka Kenya zimewachukua wateja, na siku njema sasa humpa shilingi elfu kumi na tano. Basi alikata zambarau, akashona shati peke yake hadi matundu ya vifungo.

Jumapili ya Pasaka mchungaji aliingia kanisani amevaa shati lile, akatangaza kwamba yeye sasa ni askofu na baraza la wazee limevunjwa. Wazee walisimama wakatoka, na karibu nusu ya waumini wakawafuata. Wiki iliyofuata walikuta kufuli jipya mlangoni. Leo wanasali katika darasa la shule ya msingi.

Namono alitoka pamoja nao, lakini hawakumtaka. Wote walijua shati limetoka duka gani, na nani hushona matundu ya vifungo pale. Mwanamke mmoja alimwambia mbele ya watu, "Umetushonea sanda, dada, halafu waja kulia matangani?"

Jioni ile Namono alipita dukani. Hakukaa.

"Aliniuliza kitu kimoja," Jamirah anasema. "'Saini zilikuwa ngapi, Mama?' Nikamwambia moja. Akaenda."

Namono yuko Bugembe, karibu na Jinja, kwa dada yake, akiuza nyanya kando ya barabara. Haendi kanisa lolote. Jamirah alimfuata huko mara moja. Wakazungumza habari za mvua.

Aliporudi aliwaomba wazee wamruhusu kusimama mbele ya waumini, aseme kwamba Namono hakuligusa shati lile. Kwa kanuni zao, asiye muumini husema tu wazee walio wengi wakikubali. Watatu walikubali. Wanne walikataa.

Mzee Mugweri, mwenyekiti wao, anasema yeye alikubali. "Lakini mwenyekiti ni kura moja," anasema, akitazama chini. "Tulitoka kule kwa sababu mtu mmoja aliamua peke yake. Nami niamue peke yangu?"

Baraza litakaa tena mwezi ujao. Jamirah ameanza kuwatembelea wale wanne nyumbani kwao. Wa kwanza alimpa kiti. Wa pili alimsikiliza akiwa amesimama mlangoni. Alhamisi atakwenda kwa wawili waliobaki.

"Kungekuwa na askofu, ningempigia goti mtu mmoja," anasema. "Hapa ni wanne. Nitapiga."

Kuhusu Namono kurudi kazini, anatikisa kichwa.

"Duka langu aliache kama analichukia. Nataka tu akaimbe na watu wake."