Matete Nyuma ya Nyumba ya Bibi

Watu wa Morogoro hupenda kusema mji wetu una kila kitu, kasoro bahari. Nilipokuwa chuoni, kila nikija likizo nilibishana sana na msemo huo. Kila kitu kipi? Viwanda ambavyo mageti yake yamekula kutu? Mashamba ya mkonge yaliyobaki majina ya vituo vya basi? Waliokuwa wakinisikiliza walinyanyua kidevu kuelekea Uluguru, kana kwamba mlima ni jibu. Na mimi nikauliza mlima unajibu nini.

Sasa nimerudi nyumbani na shahada ya jiografia, sina kazi, naishi na bibi mzaa mama kando ya mto, na mlima hunijibu kila siku. Mjini jua linawaka, watu wa Msamvu wanajipepea kwa magazeti, lakini huko juu mawingu yameshakaa kileleni na mvua inapiga mashamba ya mteremkoni. Baada ya saa chache mto unapita nyuma ya jiko letu rangi ya chai ya maziwa, umebeba udongo wa watu, migomba ya watu, na mara moja ulibeba mlango mzima ukiwa na komeo lake.

Kwa Waluguru nyumba na ardhi hufuata upande wa mama. Babu ndiye aliyehamia hapa kwa bibi, akiwa na begi moja, na bibi hakuacha kumkumbusha mpaka alipofariki. Nyumba hii aliirithi bibi kwa mama yake, itakwenda kwa mama yangu, halafu kwangu. Nilipokuwa mdogo sikuona ajabu. Chuoni nikajifunza kuuliza kwa nini iwe hivyo. Leo najua tu kwamba mimi ndiye wa mwisho kwenye huo mstari, na kwamba mstari wenyewe unaonekana kwa macho nyuma ya nyumba.

Maana bibi na mama yake walikuwa na desturi yao. Kila mtoto wa kike akizaliwa kwenye nyumba hii, shina la matete lilipandwa ukingoni, lishike udongo. Mto wetu una tabia ya kusogea. Unakula upande wetu na kutema mchanga upande wa pili, kwa hiyo kila kizazi kilipanda nyuma ya kizazi kilichotangulia, karibu zaidi na nyumba. Tete la bibi lilishakwenda na maji kabla sijazaliwa. La mama lilikuwa limesimama pembeni kabisa, mizizi ikining'inia. Langu lilikuwa la huku, karibu na kamba ya kuanikia nguo, na lilikuwa limezaa kichaka.

Niliwahi kumwambia bibi nilichosoma, kwamba enzi za misafara ya pembe za ndovu mji wa hapa ulikuwa na ukuta wa mawe, na mafuriko yakaubomoa.

"Ukuta wa mawe?" aliuliza.

"Wa mawe, bibi."

"Basi walikosa matete," alisema, akaendelea kuchambua mchicha.

Watu wa vipimo wa serikali walikuja mwezi wa kiangazi, wakati mto umekonda na kuonekana hauna hatia. Sheria inataka mita sitini kati ya nyumba na ukingo. Aliyeshika futikamba alikuwa kijana wa rika langu, mwenye buti safi.

"Shikamoo, bibi."

"Marahaba. Umekuja kunipima sanda?"

"Hapana, bibi," alicheka. "Tunapima mto."

"Mto uko kule. Mbona kamba umeianzia ukutani kwangu?"

Kijana akatembea na kamba yake hadi kwenye kichaka changu, akasimama. Akatazama matete, akatazama maji yaliyokuwa mbali chini, akanigeukia.

"Dada, maji yakijaa huwa yanafika wapi?"

Nimerudia dakika ile mara nyingi kichwani. Ningeweza kusema sijui. Ningeweza kuonyesha tete la mama. Lakini nilikuwa nimekaa miezi bila mtu kuniuliza swali ninalolijua, na hili nililijua.

"Yanafika kwenye hili shina la mwisho," nilisema. "Kitaalamu ukingo unaanzia hapa, penye mimea ya majini. Ule wa chini ni wa kiangazi tu."

Alinishukuru kwa heshima. "Hamsini na nne," alimwambia mwenzake, na mwenzake akachora X nyekundu kwenye ukuta wa jiko, rangi ikatiririka hadi kwenye mafiga. Walisema mwenye malalamiko ayapeleke, uhakiki utafanyika baada ya wiki mbili. Baada ya hapo ni kubomoa.

Jirani yetu muuza vitumbua, ambaye nyumba yake imeangukia mita sitini na tatu kwa bahati tu ya pembe ambayo mto unapinda hapo, alikuja kuangalia X kama watu wanavyokuja kuangalia maiti.

"Yaani msomi mzima umeshindwa kudanganya mita sita!" alisema. "Wenzako wanadanganya vyeti."

"Mwache," bibi alisema. "Alidhani yuko kwenye mtihani."

"Na amefaulu, bibi. Mmefelishwa nyie."

Ni yeye jirani aliyetoa wazo. Wasiione mimea ya majini. Ng'oeni. Wakija watakuta udongo mtupu hadi pembeni, na hapo pembeni ni zaidi ya sitini, atapinga nani?

Nilipinga mimi. Nilieleza habari za mizizi, kwamba udongo wetu ni kichanga kilicholetwa na mto wenyewe, kwamba bila matete masika ya kwanza yatautafuna ukingo kama biskuti kwenye chai. Nilieleza vizuri sana. Bibi alinisikiliza mpaka mwisho, mikono mapajani.

"Sawa, mke mwenzangu," alisema. Huniita hivyo tangu utotoni, kwa utani wa kwamba nilimnyang'anya mumewe. "Matete yakibaki, serikali inabomoa. Yakiondoka, mto unabomoa. Wewe uliyesoma, niambie nichague kipi."

Miaka yote ile nimebishana na wahadhiri, na wahubiri, na mjomba wangu juu ya kila alichosema msibani kwa babu.

"Sijui, bibi."

Akaitikia kwa kichwa taratibu, kama mtu aliyepewa chenji sahihi. "Serikali imetaja siku," alisema. "Mto haujataja. Lete jembe."

Tulifanya kazi siku mbili. Tete la mama lilitoka lenyewe, lilikuwa limeshikilia hewa. Langu ndilo lililotutesa. Mizizi ilikuwa imesukana hadi chini ya kamba ya nguo, na kila nilipokata mmoja nilisikia udongo ukilegea chini ya miguu, ule ulegevu niliowahi kuuandikia kurasa ishirini na kupewa alama nzuri. Mara moja bibi alinyanyua fundo la mizizi lililokuwa na umri wangu, akalikung'uta, akaliweka kando na si kwenye rundo la kuchoma.

Kijana wa vipimo aliporudi aliusugua udongo mpya kwa ncha ya buti. Alijua. Nilijua kwamba anajua. Akatembea na futikamba hadi pembeni.

"Sitini na mbili," alisema, bila kunitazama, na safari hii hakuniuliza kitu. Mwenzake akaipiga X mstari mweupe. Jirani akapiga kigelegele. Bibi akawakaribisha ndizi, wakala wamesimama.

Masika yalikuja kama kawaida yake, yakianzia juu. Nilikuwa najifanya siangalii mlima. Usiku tulisikia sauti ambayo hapo nyuma hatukuwahi kuisikia, kitu kizito kikidondoka majini, halafu kimya, halafu kingine. Kila asubuhi bibi aliniuliza kutoka kitandani, "Mto umefika wapi?" Nami nilikwenda na futikamba niliyoinunua mwenyewe, nikaja kumwambia. Sitini na moja na nusu. Sitini na moja. Hakukuwa na kingine cha kufanya. Sikuwa nazuia chochote, nilikuwa nasoma tu, kama mtu anayempima mgonjwa homa bila kuwa na dawa.

Siku moja mvua ilipopumzika nilimkuta ametoka nje, kanga imefungwa kiunoni, ameshika shina la matete. Lilikuwa limechipua kutoka kwenye lile fundo alilolificha nyuma ya pipa.

"Pima," alisema. "Nataka nipande mahali ambapo wakija tena hawatasema kitu. Sitini kamili."

Nilianzia ukutani, penye ile X yenye mstari mweupe. Nikaivuta kamba nikirudi nyumanyuma, nikapita nguzo ya nguo ambayo sasa ilikuwa imeinama, nikasimama pale udongo ulipokwisha. Chini yangu maji yalikuwa yanazunguka.

"Hapa ni hamsini na tisa, bibi."

"Sogea mbele kidogo."

"Mbele kidogo ni hewani."

Alisogea hadi nilipo, akachungulia, akanishika mkono ili asiteleze, au ili mimi nisiteleze. Kisha akarudi jikoni, akalisimamisha shina kwenye ndoo ya maji lisinyauke, akaifunika ndoo nusu kwa ungo. Huko juu mlima ulikuwa umeshafungwa tena na mawingu.