Joka la Langoni

Katibu wa chama cha wakazi wa mtaa ule wa Lavington hana sauti, ana mnong'ono. Akija kwa Bi Nadira, mjane wa daktari, hubonyeza kengele kwa ncha ya ukucha, hujifuta viganja kwa leso, kisha huanza: "Mimi sina neno, Mama Nabiha, lakini watu wanasema." Watu hao hawana majina kamwe. Jana alisimama akilikodolea macho joka la chuma ambalo marehemu alilileta kutoka Swideni alikosomea, akalipachika langoni. "Wanasema hii mali yenu ni ya kufuga nyoka. Na vile akina Zaki wanakuja kuposa Jumamosi!" Ghadhabu ilimpanda Bi Nadira. Posa ya bintiye Nabiha ingevunjwa na mdomo kama huu.

"Hilo ni joka la hadithi za huko," alisema. "Linaitwa lindorm."

"Linda?" Katibu alirudi nyuma. "Kumbe inalinda mali!"

"Halilindi chochote! Jina limetokana na maneno mawili ya kale, na yote mawili maana yake ni nyoka."

Katibu aliikunja leso polepole, kama aliyekabidhiwa ushahidi. "Kwa hivyo wako wawili."

Bi Nadira alimbamizia lango usoni. Kabla hajaufikia mlango wa nyumba, alimsikia ng'ambo ya ukuta, simu sikioni: "Mwambie Mama Zaki, amekubali mwenyewe. Ni dume na jike."